Kichwa cha Mtoto Kikikua Kupita Kiasi: Funzo Kutoka Mbale

(Hotuba kwa kina mama na wahudumu wa afya wa jamii, Todonyang)

Leo sitasema juu ya malaria wala kuhara, hayo mmeyasikia mara nyingi. Nataka tuzungumze juu ya mtoto ambaye mara nyingi tunamficha ndani: yule ambaye kichwa chake kinakua haraka kuliko mwili.

Wengine husema ni laana. Wengine humwita emuron. Wengine humlaumu mama, ati alifanya nini alipokuwa mjamzito? Ndugu zangu, huu ni ugonjwa, na wataalamu wanauita haidrosefalasi, yaani maji kichwani. Kila mmoja wetu ana maji yanayozunguka ubongo. Yanatengenezwa kila siku na kila siku yanaondoka. Njia yake ikiziba, yanajaa na kuubana ubongo. Na kwa sababu mifupa ya kichwa cha mtoto mchanga bado haijashikana, kichwa kinapanuka. Kuchanja ngozi au kuichoma kwa chuma hakuyafikii maji hayo. Kunaleta kidonda tu.

Sasa, kwa nini nataja Mbale? Mji huo uko mashariki mwa Uganda, chini ya Mlima Elgon. Hapo kuna hospitali ya watoto ya CURE, iliyoanza mwanzoni mwa miaka ya 2000, na kazi yake kubwa ni kutibu ubongo na uti wa mgongo wa watoto. Daktari mpasuaji kutoka Marekani, Benjamin Warf, alifanya kazi pale miaka ile ya mwanzo. Hakuishia kupasua tu. Alijiuliza: hawa watoto wengi hivi wanautoa wapi ugonjwa huu?

Mwaka 2005 alichapisha habari za watoto 300 waliofika hospitalini hapo. Karibu 60 katika kila 100 ugonjwa wao ulitokana na maambukizi, na wengi wa hao waliambukizwa katika mwezi wa kwanza wa maisha. Mmesikia vizuri? Wengi wa watoto hao hawakuzaliwa na maji kichwani. Walipata homa wakiwa wachanga, homa ikapita, halafu baada ya wiki kadhaa kichwa kikaanza kukua. Mwaka 2020 watafiti walieleza kwamba katika maji ya vichwa vya wengi wa watoto hao wa Uganda walikuta aina ya bakteria inayoitwa Paenibacillus. Utafiti bado unaendelea kufuata njia wanayopitia mpaka kumfikia mtoto.

Jambo la pili la Mbale linatuhusu sisi zaidi, tunaokaa mbali. Tiba ya siku nyingi ni kuweka mrija chini ya ngozi, unaotoa maji kichwani na kuyapeleka tumboni. Mrija huo umeokoa watoto wengi. Lakini unaweza kuziba, hata baada ya miaka, na ukiziba mtoto anahitaji kupasuliwa upesi. Kina mama huniuliza: tukihamia malishoni na adakar, huo mrija ukiziba nitamkimbilia nani? Ni swali la haki kabisa.

Daktari Warf alifikiria umbali huo huo. Alitumia kifaa chembamba chenye taa kuingia ndani ya kichwa, akatoboa njia mpya ya maji, na akaunguza sehemu ile inayotengeneza maji ili yapungue. Tafadhali, huko si kuchoma kwa nyumbani! Ni kazi ya mpasuaji, mtoto akiwa amelazwa usingizi. Mtoto anarudi kwao bila mrija.

Je, njia hiyo ni nzuri sawa na mrija? Walipima pale pale Mbale. Watoto 100 wa chini ya miezi 6, waliougua baada ya maambukizi, waligawanywa kwa kura: karibu nusu mrija, waliobaki njia mpya. Matokeo yalitolewa mwaka 2017. Baada ya miezi 12, ukuaji wa akili wa makundi yote mawili haukuonyesha tofauti kubwa. Nisiwadanganye: njia zote mbili zilishindwa kwa baadhi ya watoto, na wako wanaohitaji mrija tu. Kwa hiyo kurudi hospitalini kukaguliwa, hasa miezi ile ya kwanza, ni lazima.

Lakini hakuna upasuaji unaorudisha ubongo uliokwisha kuharibika. Ngoja ngoja huumiza matumbo, na hapa inaumiza ubongo. Basi tufanye hivi:

1. Tuzuie. Anayemzalisha mama anawe mikono kwa sabuni. Kitovu kisipakwe udongo, majivu wala kinyesi cha mifugo. Muulizeni muuguzi dawa ya kupaka.

2. Mtoto mchanga akiwa na homa, au mwili baridi, akikataa kunyonya, akishtuka-shtuka au kitovu kikitoa usaha, mpelekeni zahanati siku hiyo hiyo. Msingoje soko wala gari la mission.

3. Mhudumu wa afya, beba utepe. Pima kichwa na uandike katika kijitabu cha mama na mtoto. Angalia utosi uliovimba, mishipa ya kichwani iliyojitokeza, kutapika, na macho yanayotazama chini kama jua linalozama.

4. Ukiona dalili hizo, usiseme "tungoje kidogo". Omba barua ya rufaa kwenda Lodwar.

5. Familia ijiandikishe SHA mapema, mfumo ulioanza Oktoba 2024 mahali pa NHIF. Kutafuta karatasi mtoto akiwa mgonjwa ni kupoteza siku.

Kutoka Lodwar njia zipo. Eldoret, katika Hospitali ya Rufaa ya Moi, iko hospitali ya watoto ya Shoe4Africa iliyofunguliwa mwaka 2015. Kijabe iko BethanyKids, inayopasua watoto wa aina hii. Mbale nayo inafikika kwa kupita Kitale na kuvuka mpaka. Daktari wa Lodwar ndiye atakayeelekeza.

Najua ugumu uko wapi. Kutoka hapa ziwani hadi Lodwar ni safari, na Lodwar hadi Kitale ni karibu kilomita 300 nyingine. Mbuzi watauzwa. Mama atawaacha watoto wengine nyumbani wiki kadhaa. Kwa hiyo naomba vikundi vya kina mama vianze mfuko mdogo wa nauli, na jirani akubali kulea waliobaki. Mama mmoja peke yake haiwezi safari hii.

Na wiki hii, kila mmoja arudi kwao akaulize kwa upole: kuna mtoto amefichwa hapa? Akiwa wetu au wa jirani zetu Wadassanech, mleteni apimwe.