Mtazamaji, Lugha na Utambulisho: Glen Pitre na Sinema ya Wakajuni wa Louisiana

Utangulizi

Mada hii inachunguza namna mtengenezaji filamu Glen Pitre, mzaliwa wa Cut Off katika jimbo la Louisiana nchini Marekani, alivyowasawiri Wakajuni, yaani jamii ya wachache yenye asili ya lugha ya Kifaransa ambayo yeye mwenyewe anatokana nayo. Hoja inayotetewa ni kwamba mtazamaji anayekusudiwa ndiye huamua lugha ya filamu, na lugha hiyo nayo huamua ni sehemu gani ya utamaduni itabebwa na maneno na ipi itabebwa na matendo.

Usuli

Wakajuni wengi ni wazao wa Waakadia, walowezi wa Kifaransa ambao Waingereza walianza kuwahamisha kwa nguvu mwaka 1755 kutoka eneo ambalo leo ni mashariki mwa Kanada. Katiba ya Louisiana ya mwaka 1921 ilikifanya Kiingereza kuwa lugha ya kufundishia katika shule za umma, na watoto waliosema Kifaransa shuleni wakaadhibiwa, hata wazazi wengi wakaacha kuwarithisha lugha hiyo. Jimbo lilipounda baraza la kukiendeleza Kifaransa mwaka 1968, kizazi kizima kilikuwa kimekwisha kulelewa kwa Kiingereza.

Taswira tatu

Katika filamu ya Robert Flaherty, Louisiana Story (1948), iliyogharimiwa na kampuni ya mafuta ya Standard Oil, kijana wa Kikajuni anazoeana na wachimbaji wa mafuta, na ujio wa mtambo wao unaonyeshwa kuwa jambo lisilovuruga maisha ya kinamasini. Pitre alianza kwa njia tofauti, kwani filamu zake za awali, ikiwemo La Fièvre Jaune, zilizungumza Kifaransa cha Kikajuni na ziliwalenga kwanza watu wa kwao.

Filamu yake Belizaire the Cajun (1986), iliyoonyeshwa katika tamasha la Cannes, ililenga soko pana na kutumia zaidi Kiingereza. Ndipo utambulisho ukahamia kwenye matendo: mhusika mkuu ni mganga wa jadi wa mwaka 1859, wakati ambapo magenge yenye silaha yanawafukuza Wakajuni, naye anajitetea kwa mitishamba, ucheshi na ujanja. Kwa mila za Kikajuni mganga wa aina hiyo hadai malipo, hivyo hadhi yake hutokana na jamii inayomwamini, na kwa kumweka katikati ya hadithi filamu inaiweka jamii yenyewe hapo.

Hitimisho

Wahakiki hupenda kuupima ukweli wa filamu za jamii za wachache kwa asili ya mtengenezaji. Kipimo hicho hakitoshi, kwa kuwa Pitre yuleyule alitoa taswira mbili zinazotofautiana, moja ikihifadhi usemi na nyingine ikihifadhi mwenendo, kutegemea aliyekusudiwa kuitazama.