Mwana wa Fundi wa Reli na Kazi ya Filamu
(Hotuba iliyosomwa mbele ya wanachama, Langoni, Lamu)

Nimeombwa nizungumze juu ya njia inayomtoa mtu katika kazi ya magazeti hata akawa mtengenezaji wa filamu. Lamu hakuna reli, lakini mtu nitakayemtaja alilelewa katika nyumba ya mtu wa reli, ndiyo sababu nikakubali upesi.

Marehemu Mohamed Amin alizaliwa Nairobi mwaka 1943. Baba yake alikuwa fundi mwashi wa reli, na kazi ilipompeleka Dar es Salaam, jamaa yote ikahama pamoja naye. Mtoto akanunua kamera kuukuu kwa shilingi 40, na angali mwanafunzi akaanza kuyauzia magazeti picha. Mwaka 1963, kijana wa miaka kama 20, akafungua kampuni yake mwenyewe, Camerapix, palepale Dar.

Hapa pana jambo la kuangaliwa. Picha ya gazeti ikiisha kuchapwa leo, kesho bei yake imeanguka. Lakini televisheni za Ulaya nazo zilitaka habari za Afrika, tena kwa picha zinazotembea. Basi Amin akawa akibeba kamera ya gazeti na kamera ya filamu kwa pamoja, na safari moja ikamlipa mara mbili. Aliyapiga mapinduzi ya Unguja ya mwaka 1964. Mwaka 1966 akakamatwa hukohuko Unguja, akafungwa karibu mwezi mzima, na alipotolewa akahamia Nairobi. Tarehe 5 Julai 1969 alipouawa Tom Mboya, ambaye wazee wa vyama vya wafanyakazi wanamkumbuka kwa uongozi wake, Amin alifika na kamera yake.

Filamu za habari za siku zile zilitiwa katika mkebe, zikapelekwa uwanja wa ndege, zikaenda London. Huko ndiko zilikooshwa, zikakatwa na kuungwa, na sauti ya mtu mwingine ikawekwa juu yake. Mpigaji hakuwa na neno. Kwa rai yangu, hilo ndilo linalomsukuma mtu wa habari kutaka kutengeneza filamu yake mwenyewe, apate kusema ianze wapi na iishe wapi. Na Amin akafanya hivyo. Akatengeneza filamu na vitabu, hata kitabu cha reli yetu, mwaka 1986, pamoja na Duncan Willetts na Alastair Matheson.

Iliyompa jina duniani ni filamu ya njaa ya Ethiopia, aliyoipiga Korem mwezi wa Oktoba 1984 pamoja na Michael Buerk wa BBC. Vituo zaidi ya 400 viliionyesha, na fedha za msaada zikamiminika.

Sasa nataka kusema juu ya mtu ambaye watu hawamtaji sana. Filamu yataka picha na sauti, na kwa hiyo siku zile watu wawili walikwenda wakiwa wamefungamana kwa waya, mmoja na kamera, mmoja na kinasa sauti. Mwezi wa Juni 1991, ghala ya silaha ililipuka Addis Ababa. Amin alipoteza mkono wa kushoto. Fundi wake wa sauti, John Mathai, aliuawa. Amin alitiwa mkono wa bandia akarudi kazini, na dunia ikamsifu, na kwa haki. Mathai hakurudi kwao.

Tarehe 23 Novemba 1996 Amin naye akafa, katika ndege ya Ethiopia iliyotekwa, ikaishiwa mafuta na kuanguka baharini karibu na Ngazija, ambako wengi wenu mna jamaa. Watu 125 walikufa, naye Brian Tetley, mwandishi wake, akiwemo. Mwaka 2006 mwanawe, Salim Amin, alitoa filamu juu ya baba yake, Mo & Me.

Hapa Langoni wako vijana wanaopiga filamu za arusi, na za Maulidi pale Riyadha. Mwenye kamera hulipwa na mwenye shughuli. Yule mshika taa na mshika sauti, akianguka darini akavunjika mguu, nani atamlipia hospitali? Naiomba kamati ya tawi iliweke swali hili katika ajenda ya mkutano ujao, na vijana wenyewe waitwe waseme.