Wafafanuzi wa Plato na Aristotle: Namna ya Kusoma Kitabu Kigumu

Wenye madaftari na wayafungue, maana mwishoni mwa somo mtapewa kazi ya kufanya.

Somo letu la leo ni juu ya watu ambao majina yao hayatajwi sana. Watu hawa hawakutaka kusifiwa kwa mawazo mapya. Walichukua kitabu cha mtu mwingine, wakakaa nacho, wakakieleza sentensi kwa sentensi. Tutawaita wafafanuzi. Katika vitabu vingi vya mashairi ya Kiswahili mtaona mwishoni sehemu iitwayo Sherehe, ambamo maneno magumu huelezwa. Neno hilo limetokana na Kiarabu, sharh, yaani ufafanuzi. Basi wafafanuzi wetu walifanya kazi ya sherehe, lakini walifafanua maneno na mawazo pia.

Wagiriki wa kale walikuwa na mabingwa wawili wa falsafa, Plato na mwanafunzi wake Aristotle. Plato alikufa mwaka 347 kabla ya Kristo, na Aristotle mwaka 322. Vitabu vyao vilikuwa vigumu tangu mwanzo, na kadiri miaka ilivyopita ugumu ulizidi. Baada ya miaka mia tano na zaidi alitokea mwalimu aitwaye Plotinus. Huyu alizaliwa Misri, katika bara letu hili la Afrika, karibu na mwaka 205 baada ya Kristo, akasoma katika mji wa Alexandria, kisha akafundisha Roma. Alifundisha kwamba vitu vyote vimetoka katika asili moja, aliyoiita Mmoja. Hata hivyo alisema kwamba hayo si mambo mapya, bali yeye anamfafanua Plato tu. Wataalamu wa siku hizi humwita yeye na waliomfuata Waplato-mamboleo.

Plotinus alikuwa na mwanafunzi aitwaye Porphyry, ambaye alitusimulia mambo ya darasa lile. Porphyry anasema kwamba kwa siku tatu mfululizo alimwuliza mwalimu wake maswali juu ya jambo moja: roho imeungana na mwili kwa namna gani? Mtu mmoja akachoka. Akalalamika kwamba amekuja kusikia hotuba, hakuja kusikia Porphyry akiuliza na mwalimu akijibu. Plotinus akamjibu kwamba maswali ya Porphyry yasipotatuliwa, hata hiyo hotuba haitakuwa na kitu cha kusema. Ndugu zangu, neno hilo likumbukeni katika vikundi vyenu. Anayeuliza hampotezei mwalimu wakati, maana swali lake ndilo linaloonyesha mahali somo linapohitaji kuelezwa.

Sasa tuingie katika darasa la Alexandria, karibu na mwaka 500. Mwalimu hapo ni Ammonius. Anasoma kipande cha Aristotle. Kwanza anaeleza maana ya kipande kizima, kisha anarudi na kueleza neno moja moja. Wanafunzi wanaandika. Baadaye maandishi yao yalitolewa kuwa vitabu, na juu ya baadhi yake iliandikwa kwamba yametokana na sauti ya Ammonius. Kwa hiyo ninyi mnaosikiliza somo kwa sauti, kisha mkalisoma likiwa limepigwa chapa, mnafanya jambo lililofanywa Afrika zaidi ya miaka 1,500 iliyopita.

Kabla ya kufungua kitabu, walimu hao walikuwa na desturi ya kuuliza maswali sita. Yaandikeni.

La kwanza: kusudi la kitabu hiki ni nini? La pili: kina faida gani? La tatu: je, ni kweli kimeandikwa na huyo anayetajwa? La nne: kisomwe baada ya kitabu gani, na kabla ya kipi? La tano: kwa nini kimepewa jina hili? La sita: kimegawanywaje katika sehemu zake?

Maswali haya hayakuchakaa. Mkiletewa kijitabu cha kilimo, mkataba wa shamba, au barua yenye mhuri, yaulizeni hayo hayo. Swali la tatu peke yake, la kujua aliyeandika kweli, limewaokoa watu wengi wasinyang'anywe mali yao.

Pengine mtu atauliza: je, mfafanuzi si mtumwa wa kitabu tu? Tumtazame John Philoponus, mwanafunzi wa Ammonius, ambaye alikuwa Mkristo. Aristotle aliandika kwamba kitu kizito huanguka upesi kuliko chepesi kwa kadiri ya uzito wake. Yaani jiwe lenye uzito mara kumi lingefika chini katika sehemu moja ya kumi ya wakati. Philoponus alikuwa akiifafanua Fizikia ya Aristotle, kazi aliyoifanya mwaka 517. Alipofika hapo hakuridhika. Akasema kwamba ukiangusha vitu viwili kutoka kimo kimoja, kimoja kikiwa kizito mara nyingi kuliko kingine, utaona kwamba tofauti ya wakati ni ndogo mno. Galileo wa Italia, aliyekuja miaka elfu moja baadaye, alilijua jina la Philoponus. Basi, mtu aliyekisoma kitabu neno kwa neno ndiye aliyegundua mahali kilipokosea. Asiyesoma vizuri hawezi kubisha vizuri.

Mwenzake alikuwa Simplicius, naye pia alisoma kwa Ammonius. Wawili hawa walipingana kwa maneno makali, maana Simplicius aliona kwamba ulimwengu hauna mwanzo, na Philoponus alisema kwamba uliumbwa. Lakini Simplicius alituachia shauri jema. Mfafanuzi, alisema, asimtetee Aristotle kwa ukaidi katika kila jambo kama mtu aliyejiandikisha katika chama chake. Vile vile asikimbilie kusema kwamba Plato na Aristotle wanagombana, bali atazame kwanza kama nia yao ni moja ingawa maneno yanatofautiana.

Huyu Simplicius aliona siku mbaya. Mwaka 529 Kaisari Justinian alipiga marufuku mafundisho ya falsafa katika mji wa Athens. Walimu saba, pamoja na Simplicius na mkuu wao Damascius, walihamia Uajemi kwa mfalme Khosrow. Hawakukaa sana. Mwaka 532 Waroma na Waajemi walifanya mapatano, na katika mapatano hayo wanafalsafa hao waliruhusiwa kurudi na kuishi kwa imani yao. Baada ya hapo Simplicius aliandika vitabu vikubwa sana vya ufafanuzi. Alipomtaja Parmenides, mwanafalsafa aliyeishi miaka elfu moja kabla yake, hakutosheka kueleza maana tu. Alinakili maneno yenyewe ya Parmenides, mistari mingi, akasema kwamba anafanya hivyo kwa sababu kitabu kile kimekuwa adimu. Alikuwa na haki ya kuogopa. Kitabu cha Parmenides kimepotea chote, na sehemu kubwa ya tuliyo nayo leo tumeipata kwa sababu Simplicius aliinakili.

Mambo hayo yalifikaje kwetu? Njia zilikuwa mbili. Ya kwanza ilipita kwa Waarabu. Katika karne ya 9 na ya 10 vitabu vya Wagiriki, pamoja na fafanuzi zake, vilifasiriwa kwa Kiarabu huko Baghdad. Philoponus aliitwa Yahya an-Nahwi, yaani Yahya Mwanasarufi. Kitabu kidogo cha Porphyry cha kuanzia somo la mantiki, kiitwacho Isagoge, kilipata jina la Kiarabu la Isaghuji. Maneno yetu falsafa na mantiki yalitujia kwa Kiarabu, na neno falsafa lenyewe asili yake ni la Kigiriki.

Njia ya pili ilipita Ulaya. Katika karne ya 13 mtawa William wa Moerbeke alifasiri kwa Kilatini baadhi ya vitabu vya Simplicius, na Tomaso wa Akwino akavitumia alipomfafanua Aristotle. Mwaka 1879 Papa Leo XIII aliagiza falsafa ifundishwe kwa kumfuata Tomaso. Mwaka huo huo Wabelgiji walianza kituo chao Karema, kando ya Ziwa Tanganyika, na mwaka 1885 kikakabidhiwa kwa wamisionari waitwao Mapadri Weupe. Hivyo vijana wa sehemu hizi waliokwenda seminari kusoma upadri walikutana na Aristotle, na nyuma ya Aristotle walisimama wafafanuzi wale wa Alexandria na Athens.

Sasa tuje kwenye kazi yenu. Hapa Katavi tunayo maneno ya wazee ambayo hayakuandikwa. Wengi mmesikia habari za Katabi, ambaye mbuga na mkoa vina jina lake, na roho yake husemwa kwamba inakaa katika mkwaju karibu na Ziwa Katavi. Watu hueleza habari hiyo kwa kifupi, kila mmoja kwa namna yake. Lakini maneno yenyewe ya Wabende na Wapimbwe, nyimbo zao, methali zao na majina ya miti yao, nani ameyaandika? Maelezo mafupi hayawezi kurudisha maneno yaliyopotea. Simplicius alilijua jambo hilo, akanakili mapema.

Kwa hiyo kila kikundi kichague methali moja au masimulizi mamoja. Mwendeeni mzee, mumwombe kwa adabu awasimulie. Upande wa kushoto wa daftari andikeni maneno yake kama alivyoyatamka, katika lugha yake, bila kuyatengeneza. Upande wa kulia andikeni ufafanuzi wenu, kwanza maana ya yote, kisha neno moja moja. Msichanganye pande hizo mbili, ili atakayekuja baadaye ajue lipi ni la mzee na lipi ni lenu, naye aweze kuwasahihisha.

Maswali ya kuzungumza katika kikundi:

1. Kwa nini Plotinus hakumkataza Porphyry kuuliza?

2. Tafuteni mawe mawili, moja zito na moja jepesi, myaangushe pamoja kutoka kimo kimoja. Je, mnakubaliana na Aristotle au na Philoponus?

3. Je, mtu anaweza kumheshimu mwalimu wake na huku akasema kwamba amekosea? Toeni mifano.

4. Katika kijiji chenu, ni maneno gani yatakayopotea kwanza yasipoandikwa mwaka huu?