Somo la Leo: Mshitakiwa Akiachiliwa, Je, Kuna Rufani?

Leo tutazungumza habari za mahakama hapa Tanzania. Sikilizeni kwanza, kisha someni pole pole pamoja na mwalimu wenu.

Tuseme usiku mmoja mbuzi wako wawili waliibwa. Ulisikia kelele, ukatoka nje, ukamwona mtu akikimbia gizani. Ukasema, "Namjua, ni kijana wa jirani yangu." Kijana akashitakiwa katika Mahakama ya Mwanzo. Ulitoa ushahidi wako. Mwisho hakimu akasema, "Mshitakiwa hana hatia. Aende zake." Moyo wako unawaka. Wauliza: Je, ndiyo mwisho?

La, si mwisho. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka 1984 yampa mlalamikaji haki ya kukata rufani katika Mahakama ya Wilaya. Rufani huandikwa, nayo hupelekwa katika muda wa siku 30 tangu siku ya hukumu. Lakini kama shauri lilianza katika Mahakama ya Wilaya, mambo ni mengine. Hapo anayeweza kukata rufani juu ya kuachiliwa kwa mshitakiwa ni Mkurugenzi wa Mashtaka, wala si wewe.

Basi haki unayo. Lakini ngoja kidogo. Kabla hujatafuta kalamu, omba nakala ya hukumu uisome. Hapo ndipo utakapoona faida ya kujua kusoma. Tazama hakimu amesema nini. Pengine hakusema kwamba wewe ni mwongo. Pengine amesema tu kwamba shaka limebaki. Na shaka likibaki, faida yake ni ya mshitakiwa. Si kazi yake kuonyesha kwamba hana hatia. Ni kazi ya anayemshitaki kuonyesha kwamba anayo.

Wengine husema, "Nimeshindwa kwa kuwa nilikuwa shahidi peke yangu." Sivyo. Sheria ya Ushahidi ya mwaka 1967 haikuweka hesabu ya mashahidi. Shahidi mmoja mwenye kuaminika aweza kutosha, na kumi wenye mashaka wasitoshe. Mahakama haihesabu vichwa, hupima maneno.

Maneno hayo hupimwaje? Mwaka 1980 Mahakama ya Rufani ya Tanzania ilieleza kwamba ushahidi wa kumtambua mtu kwa macho ni dhaifu sana, nao usitumiwe kumtia mtu hatiani mpaka kila nafasi ya kukosea imeondolewa. Basi jiulize hivi: Nilimwona kwa muda gani? Alikuwa mbali au karibu? Kulikuwa na mwanga gani: mbalamwezi, taa au koroboi? Nilimjua tangu zamani? Je, nilimtaja jina usiku ule ule, au baada ya siku nyingi?

Kumbuka pia kwamba rufani si kuanza shauri upya. Kwa kawaida hakimu wa rufani husoma yale yaliyoandikwa katika mahakama ya kwanza. Hakukuona ukisema, hakusikia sauti yako. Kama hakimu wa kwanza aliacha jambo kubwa ulilolisema, au alikosea sheria, rufani yaweza kukusaidia. Lakini kama ulimwona mtu mgongo tu, gizani, kwa dakika moja, rufani haitaleta mwanga usiokuwapo usiku ule.

Sasa geuza mambo. Tuseme kijana yule ni mwanao. Usiku ule alikuwa amelala nyumbani kwako. Je, ungependa afungwe kwa sababu mtu alimwona mgongo akikimbia? Mbuzi aliyepotea ni hasara, nasi twakupa pole. Lakini asiye na kosa akifungwa, hasara zimekuwa mbili, na mwizi bado yuko nje anacheka.

Kwa hiyo, ndugu, shika mambo matatu. Rufani ni haki yako. Siku ni 30. Na ushahidi ndio nguvu yake, si hasira.

Maswali ya darasa:
1. Nani aweza kukata rufani kutoka Mahakama ya Mwanzo?
2. Taja mambo manne ya kupima unaposema, "Nilimwona."
3. Kwa nini shahidi mmoja aweza kutosha?

Kwaherini mpaka somo lijalo.