Picha Yetu na Mizani Yetu
Hotuba ya Katibu katika Mkutano Mkuu wa Mwaka wa Kumi



Limeletwa mbele yenu shauri la kutengeneza filamu ya miaka 10 ya Chama chetu Kikuu, na ya mila za kilimo tulizorithi kwa wazee. Wako walio tayari kuja na kamera zao watufanyie kazi yote. Kabla hatujapiga kura, yafaa tutazame habari za Wainuit, wenyeji wa nchi ya barafu kaskazini ya Kanada.

Mwaka 1922 Robert Flaherty alitoa filamu iitwayo "Nanook of the North". Gharama zake zililipwa na Revillon Frères, kampuni iliyonunua ngozi kwa Wainuit hao hao. Wenyeji walimsaidia sana. Hata hivyo, mwindaji mkuu, Allakariallak, alipewa jina jingine, na watu waliokwisha kuzoea bunduki wakaonyeshwa wakiwinda kwa silaha za babu zao. Dunia ikawajua kwa picha hiyo.

Miaka mingi baadaye, Wainuit wa Igloolik walipiga kura mara mbili, mwaka 1975 na 1979, wakaikataa televisheni kwa sababu haikuwa na vipindi vya lugha yao. Lakini kukataa peke yake hakujengi. Mwaka 1981 Zacharias Kunuk, mchongaji, aliuza vinyago vyake vya mawe akanunua kamera. Mwaka 1990 yeye, Paul Apak Angilirq, Pauloosie Qulitalik na Norman Cohn waliunda Isuma, maana yake fikra. Cohn hakuwa Mwinuit. Alikuwa mshirika katika kazi, wala si bwana wa wenzake. Katika mfululizo wao wa filamu 13 uitwao "Nunavut", wa mwaka 1994 na 1995, wenyeji wenyewe waliigiza maisha ya miaka ya 1940: kujenga nyumba za mawe, kuendesha mbwa wa kuvuta sileji, kuwinda. Wazee walikumbuka, vijana wakatenda. Hivyo pamoja na filamu, ujuzi nao ulibaki kwao.

Wanachama wenzetu, sisi twajua tofauti ya mazao kupimwa kwa mizani ya mnunuzi na kupimwa kwa mizani yetu. Picha nayo ina mizani yake. Kwa hiyo Halmashauri yaomba mkubali wageni kwa masharti manne: wawafundishe vijana wetu kutumia kamera, wazee waamue lipi lionyeshwe na lipi lisitiriwe, filamu itazamwe kwanza na mkutano huu, na nakala yake ihifadhiwe katika ofisi ya Chama.

Wahenga walisema: mgeni njoo, mwenyeji apone. Mgeni hatumfungii mlango, ila mwenyeji naye apone. Kura ni yenu.