KIMYA SI JIBU

(Hotuba ya mwenezi wa Chama mbele ya wanachama wa tawi)



Nasimama mbele yenu kusema juu ya jambo moja tu: ombi lisilojibiwa.

Mwananchi apelekapo ombi ofisini, akikubaliwa hushukuru. Akikataliwa, hujua la kupinga. Lakini aambiwaye "njoo kesho" miezi nenda miezi rudi, atapinga nini?

Chukueni mfano wa mkulima aombaye hati ya hakimiliki ya kimila. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 yaiagiza Halmashauri ya Kijiji iamue ombi hilo katika siku 90. Sheria haikusema "ikipenda" wala "ikipata nafasi". Siku zikipita, na ugomvi wa mpaka ukazuka, mkulima yule hana hati ya kuonyesha.

Basi afanyeje? Mahakama Kuu ina uwezo wa kutoa amri ya kumlazimisha mwenye mamlaka atimize wajibu wake. Mawakili huiita mandamasi. Katika hukumu ya kesi ya Bukoba iliyochapishwa mwaka 1986, Jaji Mwalusanya alieleza masharti yake. Mwombaji awe amedai, naye akakataliwa. Wajibu uwe umewekwa na sheria, nao uwe deni kwa mwananchi, si kwa Serikali peke yake. Uwe wajibu wa lazima, si wa hiari. Mwombaji awe anahusika hasa na jambo lenyewe. Tena pasiwe na njia nyingine ya kufaa.

Fahamuni vema, ndugu zangu: amri hii hailazimishi ofisi ikupe unachotaka. Yailazimisha iamue. Wapo watakaouliza, "Kuna faida gani, ikiwa naweza kuambiwa hapana?" Faida ipo, tena kubwa. "Hapana" iliyoandikwa na kutiwa sahihi ina mwenyewe. Yaweza kuulizwa sababu, na sababu ikiwa mbovu yaweza kupingwa. Kimya hakina mwenyewe.

Sasa sikilizeni onyo. Wazee husema subira yavuta heri, nami siwapingi. Lakini kanuni za mwaka 2014 zataka mtu aombe kwanza kibali cha Mahakama Kuu, naye aombe katika miezi 6 tangu tendo, au kutotenda, anakolalamikia. Mkulima akingoja kwa adabu mwaka mzima, adabu yake yaweza kumfungia mlango wa Mahakama.

Kwa hiyo yatupasa kufanya haya. Kila ombi liandikwe, liwe na tarehe, na nakala ibaki nyumbani. Siku za sheria zikipita, iandikwe barua ya pili ya kudai uamuzi, ipokelewe kwa sahihi au kwa mhuri. Asiyejua kuandika aandikiwe na kijana wa tawi, bila malipo. Na kila tawi liweke daftari la maombi ya wanachama wake na siku yalipopelekwa, ili mwenye haja ya mwanasheria aende mapema, na karatasi zake mkononi.

Yupo atakayetuita wachochezi. Tumjibu kwa upole: sheria hizi zimetungwa na Bunge letu wenyewe. Kumwomba mtumishi wa umma azifuate si kumtukana. Ni kumkumbusha kazi aliyoajiriwa.

Uhuru na Umoja!