Nywila Zilizoanikwa Mtandaoni
Injini za utafutaji kama Google huorodhesha faili nyingi zinazozikuta wazi kwenye seva, hata zile ambazo mwenyewe alidhani amezificha. Anayejua amri za injini hizo, kama ile ya kuchagua aina ya faili au maneno ya kichwa cha ukurasa, huweza kufikia jedwali la nywila kwa mstari mmoja tu. Johnny Long, mtaalamu wa usalama wa kompyuta wa Marekani, alianza kukusanya maswali ya utafutaji ya namna hiyo mwaka 2002.

Ili kujikinga, faili za mipangilio na nakala rudufu zisikae katika folda ya tovuti. Kuzitaja kwenye robots.txt, faili ya wazi inayoziambia injini zisipite wapi, ndiko kumwonyesha mdukuzi pa kuchungulia. Nywila iliyovuja ibadilishwe mara moja, kwani kufuta faili hakufuti nakala zilizokwisha kuchukuliwa.